Mama Mistari na Kamba ya Katani

Mchezo wa saa kumi alasiri huanza saa kumi na mbili asubuhi, kwa mtu mmoja mwenye ndoo ya chokaa na viatu vya mpira vilivyolowa umande. Watazamaji hawalijui hilo. Wao hufika jua limeinama, wakakuta nyasi zimekatwa, nyavu zimefungwa, vibendera vya kona vimesimama wima, na mistari myeupe imenyooka kana kwamba uwanja ulizaliwa nayo. Wakiigundua mistari hata kidogo, basi ni kwa sababu imepinda.

Katika uwanja tunaouzungumzia, mtu huyo alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na minne, mwembamba, mwenye mabega yaliyozoea kubeba na macho yaliyozoea kukunjwa juani. Jina lake halisi lilijulikana na karani wa klabu na mumewe. Wengine wote, tangu walinzi wa lango hadi nahodha wa timu, walimwita Mama Mistari.

Aliingia pale kama mfagiaji wa majukwaa. Miaka sita alifagia maganda, vikombe vya plastiki na tiketi zilizochanika, na kila alipofika safu ya juu alisimama kidogo akatazama chini, ambako mtunza uwanja wa zamani alikuwa akienda na kurudi na mashine ya kukatia nyasi. Mzee yule walimwita Mzee Toroli, maana hakuna aliyewahi kumwona bila toroli, na maneno aliyosema kwa siku yangetosha kwenye kiganja. Siku moja alimkuta mfagiaji ameshuka hadi mstari wa pembeni, amepiga magoti, shavu karibu ligusane na majani, anachungulia. Alimwuliza amepoteza nini. Akajibiwa kwamba hakuna kilichopotea ila mstari, umekwenda kombo pale mbele ya benchi la wageni. Mzee naye akapiga magoti, akachungulia, akakohoa. Kesho yake alimpa kamba ashike upande wa pili.

Miaka tisa alishika upande wa pili. Mzee alipostaafu, klabu ilimpa mama huyu uwanja kwa majaribio ya msimu mmoja, kisha kamati ingeamua. Walikuwapo waliocheka. Meneja wa uwanja hakuficha kwamba angependa mtu mwenye cheti, na ikiwezekana mwenye ndevu. Lakini msimu ulikwenda, michezo ikachezwa, na makamisaa wa ligi, wale wanaokagua kila uwanja na kuandika ripoti ya kila mchezo, waliandika "hakuna dosari" mara kumi na tatu mfululizo. Sasa ulibaki mchezo mmoja wa nyumbani. Barua ya kumthibitisha kazini ilikwisha kupigwa chapa. Ilisubiri ripoti moja zaidi iliyo safi, na sahihi ya mwenyekiti.

Nyumbani barua hiyo ilizungumzwa kama mgeni aliye njiani. Mumewe, seremala, alikwisha kuitengenezea fremu na kuipiga vanishi. Mama mkwe wake, bibi mwenye redio ndogo na mapenzi makubwa kwa klabu, alikwisha kuwatangazia majirani wote kwamba mkwe wake ndiye mwenye uwanja, na hao wachezaji ni wapangaji tu.

Asubuhi ya mchezo huo wa mwisho, Mama Mistari alipanda hadi safu ya juu ya jukwaa, kama alivyofanya kila siku ya mchezo, ili autazame uwanja kwa mbali. Kutoka chini kila mstari unaonekana mzuri. Juu ndipo uwanja unapojieleza. Jana yake kamisaa alikuwa amefika, akapima urefu wa magoli, akavuta nyavu, akatingisha vibendera na kusaini fomu ya ukaguzi. Kazi ilikuwa imekwisha. Alipanda kwa mazoea tu, chupa ya chai mkononi.

Chai hakuinywa. Mbele ya kila eneo la hatari kuna upinde mdogo wa chokaa, na pinde hizo mbili zinapaswa kufanana kama mapacha. Upinde wa kusini ulikuwa umeshiba. Wa kaskazini ulikuwa mwembamba kama mwezi wa siku tatu.

Alifikicha macho. Akahamia upande wa pili wa jukwaa asije akawa anadanganywa na pembe. Upinde ulikuwa vilevile. Akashuka ngazi mbili mbili, jambo ambalo daktari wa goti lake alikuwa amemkataza.

Hapa ni lazima tueleze habari ya kamba. Tepu ya chuma ya klabu ilikuwapo, lakini ilikaa kwenye kabati la meneja, na kuipata kulitaka kitabu cha sahihi na maswali mengi. Kwa hiyo tangu enzi za Mzee Toroli kazi za kila wiki zilifanywa kwa kamba yenye mafundo: fundo la mita kumi na moja, ambazo ni umbali wa alama ya penalti kutoka mstari wa goli, fundo la upinde, na mengine. Kamba ya mzee ilikuwa ya plastiki, na kwa kuvutwa miaka mingi ilikuwa imerefuka. Mama Mistari alipokabidhiwa uwanja, jambo la kwanza alilofanya ni kuitupa. Alitafuta kamba ya katani, nene, isiyovutika hata ukiifunga kwa ng'ombe, akaipima mara tatu kwa tepu, akafunga mafundo na kuyashonea vitambaa vyekundu. Aliijivunia mno. Mtu akihoji mstari wake, alimwonyesha kamba, na mjadala ukafungwa.

Sasa aliichukua kamba ile ghalani, kavu, akaivuta kutoka mstari wa goli la kaskazini. Fundo la penalti lilipita alama nyeupe na kwenda kuangukia majanini, zaidi ya futi moja mbele yake. Akavuta upya. Jibu halikubadilika.

Alikaa chini palepale akakumbuka. Wiki tano zilizopita mvua ilikuwa imenyesha siku nne bila kupumua, na mbele ya goli la kaskazini pakawa tope tupu. Aling'oa nyasi zilizokufa, akapandikiza mpya, na katika kuchimba aliung'oa ule mwiba wa chuma uliozikwa ardhini kuonyesha mahali pa alama ya penalti. Ilibidi apime upya alama na upinde. Kamba ilikuwa imelala kwenye maji tangu jana yake. Aliikamua, akaivuta, akaweka alama, akaenda zake akiwa ameridhika.

Aliinuka, akatia kamba kwenye ndoo ya maji, akasubiri kwa muda wa kufunga wavu mmoja, kisha akapima tena. Fundo lilirudi nyuma, likaja kukaa juu ya alama nyeupe kama mtu anayerudi kitini kwake. Katani ikinywa maji hunenepa, na ikinenepa hufupika. Mtu aliyeitupa kamba ya mwenzake kwa kuwa inarefuka alikuwa amejitafutia yake inayofupika.

Mzembe hakosi namna hii, maana mzembe haamini kipimo chake. Hukadiria kwa macho na kuomba radhi mapema. Kosa hili ni la mtu makini aliyekuwa na hakika. Ndilo zito zaidi kulikiri, na ndiyo maana wengi wenye sifa ya umakini huwa na kabati moja nyumbani ambalo halifunguliwi.

Kabla ya yote alitaka kipimo kisicho na shaka, hivyo akaenda kuomba tepu. Meneja wa uwanja alikuwa ofisini chini ya jukwaa, shati limepigwa pasi, anapanga vitambulisho vya waandishi wa habari. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu aliyependa siku ipite. Alitaka kujua tepu ni ya nini, akaambiwa yote, tangu mvua hadi ndoo. Akainuka, akafunga mlango.

"Nani mwingine anajua?"

"Wewe, bosi. Na kamba."

"Kamba haina mdomo. Sikiliza, Mama Mistari. Chimba hiyo alama, isogeze, pachika nyasi. Saa sita pamekauka. Nani anapima majani?"

Alimkumbusha kwamba fomu ilikwisha kusainiwa, na kwamba uwanja ukishakaguliwa haubadilishwi bila kamisaa kujua. Meneja akajibu kwamba kanuni hiyohiyo inataka mita kumi na moja. Kuirudisha alama mahali pake ni kuitii kanuni, tena kwa unyenyekevu, bila kupiga tarumbeta. Maneno hayo yalikuwa na sura nzuri. Mama Mistari alikaribia kuyakubali. Lakini kulikuwa na jambo ambalo yeye na meneja walikuwa wamelizunguka kama watu wanaozunguka shimo.

"Na mchezo uliopita hapa, bosi, ule wa pekee tangu mvua? Tuliwafunga wale moja bila, kwa penalti. Goli lilelile."

"Mchezo uliopita umepita." Meneja alimpa tepu, lakini hakuiachia upesi. "Barua yako iko mezani kwa mwenyekiti. Imebaki kalamu tu. Usijimwagie unga kwa mkono wako mwenyewe."

Tepu ilisema mita kumi na sentimita sitini na sita. Ilikuwa imekosekana theluthi ya mita. Kipa wa timu ile iliyofungwa alikuwa ameruka upande sahihi. Mama mkwe alilisimulia hilo wiki nzima, jinsi ncha za vidole zilivyougusa mpira na ukapita. Mama Mistari alisimama na tepu mkononi akiona vidole vile.

Alienda kunawa kwenye chumba cha kufulia, ambako mtunza jezi alikuwa akipiga pasi jezi ya kumi na nane. Mtu huyo aliitwa Pasi, jina lililomkaa kiasi kwamba hata mkewe alilitumia. Alikuwa na ulimi mwepesi, na kila aliyeingia mle alitozwa utani kama ushuru.

"Dada, uso huo vipi? Umekunjamana kuliko jezi ya kipa. Ulale hapo mezani nikupitishe mara moja."

Alimsimulia. Hakukusudia; yalitoka tu. Pasi alisikiliza bila kusimamisha mkono, akanyoosha namba tisa mgongoni, akaitundika, ndipo akasema kwamba yeye si mtu wa kumshauri mwenzake juu ya mkate wake. Miaka kumi na saba amefua jezi za klabu hii, na yako madoa anayoyajua yeye peke yake, mengine ya damu na mengine ya mambo ambayo wake za watu wasingependa kuyasikia. Hajawahi kutangaza hata moja.

"Ila kitu kimoja sifanyi," alimalizia. "Sipigi pasi juu ya doa. Likishaiva na moto, halitoki tena, hata uliloweke mwezi. Sasa toka, unanidondoshea matope."

Mama Mistari alirudi uwanjani, akachukua sepeto na kwenda nalo hadi kwenye alama. Angeweza kumaliza kazi kwa dakika arobaini. Mchezo wa leo ungechezwa kwa haki, kamisaa angeandika "hakuna dosari" kwa mara ya kumi na nne, na fremu iliyopigwa vanishi ingepata cha kubeba. Alijaribu kumtafuta mtu ambaye angeumia. Wale wa mchezo uliopita walikwisha kupanda basi lao wakaenda. Hawakujua kwamba pointi walizozikosa zina swali.

Lakini yeye angejua. Kila mara angepanda jukwaani na chai yake, na akiulizwa "mstari huu una hakika nao?" angejibu ndiyo kwa mdomo uliokwisha kusema uongo juu ya mstari mwingine. Kazi yake yote ilisimama juu ya jambo moja tu, kwamba akisema ni mita kumi na moja, ni mita kumi na moja. Ukiliondoa hilo, anabaki mwanamke mwenye ndoo ya chokaa. Aliliweka sepeto chini, akapiga moyo konde, akaenda kumsubiri kamisaa langoni.

Kamisaa alifika saa tano na nusu. Alikuwa mwalimu mstaafu wa hesabu, mrefu, mkavu, mwenye kalamu tatu mfukoni na sauti ya mtu aliyezoea kungoja darasa linyamaze. Walikaa katika chumba cha waamuzi, penye viti vinne na kioo kilichopasuka. Mama Mistari alieleza bila kujitetea. Alitaja mvua, mwiba, kamba, ndoo, tepu, kisha akataja mchezo uliopita na penalti yake, kabla hajaulizwa. Kamisaa aliandika kila kitu kwa mwandiko wa ubaoni.

"Meneja wako anajua?"

"Anajua. Nilimwambia yeye kwanza."

"Akasemaje?"

"Hilo muulize mwenyewe, mwalimu. Mimi nimekuja kusema la kwangu."

Kamisaa aliinua macho, akafunika kalamu. "Twende tukapime," akasema.

Walipima wawili, kamisaa ameshika upande wa pili wa tepu, suruali yake ya kijivu imepiga magoti kwenye nyasi. Kisha akawaita waamuzi, manahodha na makocha wa pande zote mbili washuhudie, na akawaambia kwa ufupi kosa lilikuwa nini na nani amelileta. Kocha wa wageni, mnene mwenye kofia, alisema ameona mengi katika mpira, lakini hajawahi kuona mwenyeji akijishitaki, na akauliza kama hakuna jingine waliloficha, pengine goli lao lina mguu mmoja mfupi. Watu walicheka. Kocha wa nyumbani hakucheka. Alimtazama Mama Mistari kama mtu aliyekanyagwa kidole, akaondoka.

Kazi ilibidi ifanywe sasa, mchana kweupe, milango imekwisha kufunguliwa. Alikata kipande cha nyasi chenye alama ya zamani, mviringo kama sahani, akakata kingine cha ukubwa uleule nyuma ya goli, akakipachika na kukikanyagia kwa kisigino. Upinde aliusugua kwa maji na fagio gumu, kisha akapaka udongo uliochanganywa na majani yaliyokatwa asubuhi, hadi weupe ukamezwa. Mashabiki wa kwanza waliokwisha kukaa hawakuelewa anafanya nini, na kutoelewa hakujawahi kumzuia shabiki kutoa maoni. Mmoja alimshauri akimaliza awapime na washambuliaji, maana nao wamefupika. Mwingine aliuliza kama anapanda mboga. Aliinama akaendelea. Jasho lilimwingia machoni, na hakulifuta kwa sababu mikono ilikuwa na chokaa.

Saa nane na robo alitia alama mpya na kuvuta upinde mpya kwa tepu, kwa mkono ambao ulishangaza kwa utulivu wake. Kamisaa akapima tena. Mita kumi na moja kamili. Akaandika, akaondoka bila kusema asante wala pole.

Mchezo ulikwisha kwa sare ya bao moja kwa moja. Hakuna penalti iliyopigwa siku ile, upande wowote. Wala mpira haukusimama hata mara moja juu ya alama ile iliyomtoa jasho. Msomaji anayetaka haki imlipe mtu palepale, mbele ya watazamaji elfu kumi, atafute hadithi nyingine. Sifa ya kusema kweli ni kwamba ni kweli, na hiyo inatosha kuwa sababu.

Nyumbani habari zilimtangulia kwa redio. Mtangazaji alikuwa amesema kuna utata wa vipimo, na kwamba klabu huenda ikapokonywa pointi za mchezo uliopita. Mumewe alimpokea mlangoni, akamvua viatu. Mama mkwe alikuwa ameigeuza redio uso ukutani.

"Pointi tatu," alisema bibi, akiuambia ukuta. "Nimewalea watoto watano ndani ya nyumba hii, hakuna hata mmoja aliyewahi kunipotezea pointi tatu."

Siku mbili hakumsemesha mkwe wake ila kwa kupitia mtu wa tatu, hata walipokuwa wawili tu chumbani, jambo ambalo lilihitaji ufundi. Siku ya tatu alimwita jikoni, akamfungia mlango, na akamwuliza kwa sauti ya chini kama ni kweli kipa yule aliugusa mpira kwa ncha za vidole. Mkwe akamwambia alisikia hivyo kwake yeye mwenyewe. Bibi akahesabu kitu kwa vidole vyake vikavu, akasema theluthi ya mita ni kubwa. Kisha akasema, "Hata mimi ningetaka kuambiwa, kama ningekuwa upande wa wale." Jioni hiyo redio iligeuzwa.

Kamati ilikaa Alhamisi. Mama Mistari aliwekwa kwenye benchi nje ya mlango, amevaa gauni la kutokea, na aliweza kusikia sauti bila maneno. Aliyesikika zaidi ni meneja. Baadaye mlango ulifunguliwa akaitwa ndani. Mwenyekiti, mfanyabiashara wa saruji mwenye miwani iliyoteremka puani, alisoma barua ya ligi. Matokeo ya mchezo uliopita hayakubadilishwa, kwa kuwa timu zote mbili zilicheza nusu moja moja zikishambulia goli lile, na alama ilikuwa ileile kwa wote. Klabu ilipewa onyo. Halafu akasoma mstari mmoja kutoka ripoti ya kamisaa, akirudia mara mbili kama mtu anayehakikisha hesabu: kosa liliripotiwa na mhusika mwenyewe, kabla halijaonwa na mtu mwingine yeyote.

Meneja alisema kosa ni kosa. Mwenyekiti akakubali kwamba ni kosa. Akamwuliza Mama Mistari kama ana la kusema.

"Nilikosea kupima, mwenyekiti. Sitapima tena kwa kamba. Mengine yako kwenye ripoti."

Barua ile ya uthibitisho haikusainiwa. Badala yake alipewa mbili: ya kwanza ya onyo, ya pili ya kuongezewa majaribio kwa msimu mzima mwingine, uwanja ukiendelea kuwa mikononi mwake. Alizisoma zote akiwa amesimama, akatia sahihi. Baadhi ya jamaa zake walilalamika kwamba ameonewa, kwamba mkweli ameadhibiwa. Yeye hakusema hivyo, nasi hatutasema. Onyo lilikuwa haki yake, maana kupima vibaya ni kupima vibaya, na ukweli uliosemwa baadaye haunyooshi kamba iliyotangulia. Alichokipata kwa kusema ukweli ni kitu kingine: wale watu saba mezani sasa walijua kwamba siku uwanja ukiwa na dosari, wataambiwa na yeye. Si klabu nyingi zinazoweza kusema hivyo juu ya mtu wao mmoja.

Kwenye ngazi meneja alimfikia. Alionekana ana jambo, akalitafuta, likamponyoka. Mwishowe alimwambia kwamba wiki ijayo mashine ya kukatia nyasi inapelekwa kwa fundi, na kama kuna kingine kinachosumbua uwanjani amwambie mapema, chochote kile, hata kidogo. Alilikazia neno mapema. Mama Mistari alimwambia kuna bomba la maji linalovuja upande wa mashariki tangu mwezi uliopita. Meneja akaandika.

Ijumaa mchana, akiwa amechuchumaa mbele ya goli la kaskazini akizika mwiba mpya wa chuma, simu yake ililia. Namba hakuijua. Sauti ilikuwa ya mwanamume mtu mzima, nzito, ya mtu anayepiga simu mara chache na hivyo hupaza sauti ili ifike. Alijitambulisha kuwa mtunza uwanja wa klabu ile iliyofungwa kwa penalti.

Mama Mistari aliweka nyundo chini. Alijiandaa kutukanwa, na aliamua moyoni kwamba atanyamaza hadi mwisho, kwa kuwa mwenzake ana haki.

Lakini yule hakutukana. Alizungukazunguka kidogo, akaulizia nyasi, akaulizia mvua za huko. Kisha akauliza kama ni kweli kamba ilikuwa ya katani.

"Ya katani, kaka."

"Na ikalowa."

"Ilikuwa imelala majini siku nzima."

Mama Mistari alisikia, nyuma ya sauti ile, mashine ya kukatia nyasi ikinguruma mahali fulani mbali, halafu ikazimwa.

"Mimi yangu ni ya katani vilevile," alisema mtu yule, na sauti sasa ilikuwa imeshuka. "Miaka kumi na moja ninayo. Asubuhi nimeazima tepu kwa fundi wa barabara. Kona ya kushoto ya eneo la hatari imepungua shubiri mbili. Na Jumapili tuna mchezo. Sasa, mama, wewe uliyepita njia hii, niambie. Mtu anaanzia wapi?"

Mama Mistari aliangalia uwanja wake, uliokuwa mtupu na mbichi, kinyunyizio kinazunguka katikati.

"Una kalamu karibu?" alimwuliza. "Kwanza pima upya kwa tepu, pande zote, uandike. Halafu mpigie kamisaa leo hii, usingoje akukague. Mwambie yote kwa mpigo, usimwachie la kuuliza."

"Akikasirika?"

"Atakasirika. Wewe mshikishe upande wa pili wa tepu."

Mtu yule alicheka, kicheko kifupi cha kushtukia, kisha akamwomba asubiri akatafute kalamu. Mama Mistari akasubiri, simu imebanwa begani, huku akiushika tena mwiba na kuanza kuugonga taratibu.